Jina la Mohsin Kwenye Orodha ya Marehemu

Binti wa Bwana Taki alinipigia simu mwezi uliopita. Aliongea Kiingereza mwanzo mpaka mwisho, kwa upole, akaniambia baba yake amezikwa Jumanne na kwamba katika karatasi alizoacha kuna mstari unaosema vitabu vyake vyote apewe Nasim wa duka la fotokopi. Nasim ni mimi, ingawa duka lenyewe lilishafungwa na siku hizi pale wanauza simu. Nilikwenda nyumbani kwake Agincourt na gari la shemeji yangu nikarudi na katoni kumi na moja. Kila katoni ilikuwa na neno moja lililoandikwa kwa kalamu nene: Maisha, au Vita, au Ndoto. Ndivyo alivyovigawa tangu nilipomjua. Vyote ni vitabu vya watu walioishi chini ya ukomunisti, Wapolandi, Wahangaria, Warusi, Wachina, Wajerumani wa Mashariki, na vichache vya Wahabeshi. Alivinunua kimoja kimoja kwenye maduka ya vitabu vikuukuu na kwenye minada ya makanisa. Mume wangu ameshaniuliza mara mbili vitakaa sebuleni mpaka lini, na mara zote mbili nimemwambia aniache. Sijafungua hata katoni moja. Nataka kwanza niandike habari za mwaka ule, kwa sababu tulioujua tulikuwa watatu na nimebaki mimi, na kichwa changu nacho kimeanza kunikimbia.

Habari za kwetu Tanga na za jinsi nilivyofika Kanada nitaziruka. Kila mtu hapa ana zake na zote zinafanana. Nianze na chumba. Nilikuwa na miaka ishirini na minane, nimepanga chumba kimoja katika fleti ya Bi Kulsum Kermali huko Richmond Hill, ghorofa ya saba, dirisha linatazama maegesho ya magari na nyuma yake uwanja mtupu ambao mwaka ule ulikaa na theluji mpaka nikadhani ndiyo rangi yake. Bi Kulsum alikuwa amepita sitini, mjane, mzaliwa wa Unguja, mfupi, mwepesi wa miguu, na mdomo wake haukuwa na breki. Alipika mbaazi za nazi ya kopo huku akiitukana ile nazi. Alinifundisha mkate wa kumimina, nikauunguza mara tatu, akasema mama yangu alinilea kwa biskuti. Lakini katika nyumba ile ya vicheko kulikuwa na jambo moja ambalo halikuchezewa. Bi Kulsum alikuwa na kaka aitwaye Mohsin, aliyepotea Unguja miaka michache baada ya mapinduzi, na kwake yeye Mohsin alikuwa hai. Alikataa kuhama fleti ile, alikataa kubadili namba ya simu, na hata alipoolewa alibaki na jina la baba yake, ili jina Kermali likae kwenye kitabu cha simu cha Toronto, mtu akilitafuta alione. Simu ikilia wakati tunakula, mimi niliendelea kutafuna, yeye aliweka kijiko chini kwanza.

Jumamosi walikuja wanawake wenziwe watatu, wote wa Unguja, wakakaa jikoni kukunja sambusa za kuweka kwenye friza, na mimi nikiwa chumbani mlango wazi nilisikia kila kitu. Maongezi yao yalianza na magoti na sukari ya damu, yakapita kwa wakwe, na mwisho wake yalirudi kulekule, kwenye miaka ile. Foleni ya mchele. Mtu aliyekamatwa kwa kusikiliza redio. Jirani aliyehesabu viatu mlangoni kwako ajue una wageni wangapi. Walikuwa hawasemi kwa sauti ya kawaida, ingawa tulikuwa Kanada na madirisha yamefungwa. Sauti ilishuka yenyewe, na mmoja wao, kila ilipofika hapo, aliinuka akafungua bomba la maji. Nilimuuliza siku moja kwa nini anafungua bomba na hakuna chombo cha kuosha. Alinitazama, akalitazama bomba, akacheka kwa aibu. Siku moja nilimsikia Bi Kulsum akisema, "Lakini tusiwatie wote kapu moja. Taki wa posta alikuwa mtu mwema. Nilikwenda pale dirishani miezi na miezi kuulizia barua ya Mohsin, wengine wakinifukuza, wakiniambia kaka yako msaliti. Taki peke yake alinijibu kama binadamu. Bado, dada. Kila siku, bado, dada." Wenziwe wakaitikia kwamba kweli, Taki hana neno, ni vile tu macho yake siku hizi yanamtupa.

Huyo Taki nilimjua. Kila mtu alimjua, alikaa Agincourt peke yake baada ya mkewe kufa, na hakukosa ukumbini kwetu kwa ibada, barabara ya Bathurst kule Vaughan, hata njia zikiwa barafu tupu. Duka nilikofanya kazi lilikuwa hatua chache kutoka kwake, katikati ya mwoka mikate wa Kichina na muuza sari wa Kitamil, na ndipo alipoingia siku moja ya Januari na mfuko wa plastiki. Ndani mlikuwa na madaftari manne ya mkono. "Nasim, mwanangu," akasema, "nimesoma vitabu vya wenzetu wote waliopita njia ile. Kila taifa limeandika lake. Wa kwetu hatujaandika. Nataka unichapie." Nilimwambia mwandiko wake siuwezi. Akasema atanisomea yeye, macho yakimshinda atakariri, na mimi niandike. Ndivyo tulivyofanya, kila Jumatano nikitoka kazini mchana, kwenye meza yake ya kulia, kompyuta yangu upande mmoja na sahani ya visheti upande wa pili. Sitasema uongo, nilipenda kwenda. Nyumba ilikuwa safi kupita kiasi, vitabu vimepanda mpaka darini katika makundi yake matatu, na yeye alikuwa msimuliaji. Alinieleza miaka miwili aliyopelekwa kusoma Ujerumani ya Mashariki, viazi asubuhi na viazi jioni, baridi ya bwenini, msichana aliyemfundisha kucheza dansi na siku ya pili akaenda kutoa ripoti alivyocheza. Nilicheka mpaka nikaacha kuchapa.

Ila kulikuwa na birika. Barua zilipofika, hata bili ya umeme, hata tangazo la mauzo ya viatu, Bwana Taki hakuchana bahasha. Alichemsha maji, akaishika bahasha juu ya mdomo wa birika, akaizungusha polepole, kisha akapitisha kijiti chembamba cha mfupa chini ya gundi, na ile bahasha ikafunguka nzima. Mikono yake, ambayo kwenye kikombe ilitetemeka, hapo ilitulia. Mara ya kwanza nilimtania, nikamwambia Ami, bili utailipa tu hata ukiibembeleza. Hakucheka. "Mkono umezoea," akasema. Nilikuwa mjinga wa kutosha kufikiri ni ubahili, kwamba anataka kutumia bahasha tena. Mwezi wa Machi tulipofika daftari la tatu ndipo nilipojua, kwa sababu alinisomea mwenyewe, bila kupunguza: dirisha la posta ilikuwa kazi yake ya asubuhi, mchana alipanda chumba cha juu, na kule ndiko alikotumia alichosomea Ujerumani. Barua zote za kwenda nje zilipita mikononi mwao, yeye na wenziwe watatu.

Nakumbuka sentensi moja kwa sababu niliichapa mara mbili, mara ya kwanza vidole vilikosea. "Tulifundishwa tusitafute siasa kwenye barua, maana mwenye siasa haandiki. Tutafute vitanda, dawa na viatu." Nilimuuliza maana yake. Akanieleza kwa utulivu wa mwalimu wa hesabu. Mtu asiye na kibali cha kutoka, ukiona kuna mahali pengine anatafutiwa kitanda, basi huyo anakwenda. Mtu mzima ananunuliwa dawa ya kuzuia kutapika, huyo anavuka maji. Akatoa mfano, na mfano ule ndio uliokuwa sura ya tisa ya kitabu chake: binti mmoja mjini alimwandikia mama yake mdogo Mombasa, amtandikie kaka yake kitanda. Barua fupi, ya kitoto, haina siri hata moja. Bwana Taki aliisoma, akaifunga vizuri, akaandika mstari mmoja kwenye karatasi ya wakubwa, akaenda kula. "Kijana huyo simtaji jina," akasoma, "wala binti." Nikauliza, "Alikamatwa?" Akasema tumeishia hapo leo. Nilipofika nyumbani Bi Kulsum alikuwa amepika wali wa nazi na samaki wa kukaanga, na sikuweza kula. Nilimwambia tumbo. Sikuwa nimeunganisha lolote, wallahi, ila mwili ulikuwa umejua kwamba nimeketi na mtu ambaye hapaswi kuchekewa.

Mnajiuliza kwa nini sikuacha. Na mimi nilijiuliza. Nilijiambia ni historia, ni lazima mtu aiandike, na yeye angalau anasema wazi wakati wenziwe wamekufa kimya. Maneno mazuri. Ukweli ni kwamba nilitaka kujua kilichompata yule kijana, kama mtu anayesoma hadithi. Mei ikaingia, theluji ikaondoka, na ukumbini wakatangaza hitima ya mwaka ya marehemu wote. Kwetu desturi ni kila nyumba kupeleka majina ya wafu wake, jina na jina la baba, yakapangwa kwa alfabeti, yakachapwa, na siku yenyewe msomaji huyasoma yote mbele ya watu ili kila mmoja asomewe Fatiha. Duka letu ndilo lililochapa orodha, na mpangaji nilikuwa mimi. Bi Kulsum alinipa yake mezani, wakati wa chai: baba, mama, mumewe, shangazi wawili. Nikamuuliza, kwa wema wa kijinga, kama hataki kuongeza jina lolote. Alijua ninamaanisha nani. "Nasim," akasema, "usimchurie ndugu yangu. Aliye hai hasomewi za wafu. Siku moja imamu mmoja Dar alitaka kumwombea kama marehemu, nikamtoa nje na kofia yake." Akanywa chai yake. Baadaye kidogo akaongeza, kama anaongea na kikombe, "Na kama ni kweli alikufa, basi ana miaka karibu arobaini hajasomewa na mtu wake hata mmoja. Ndiyo maana hawezi kuwa amekufa." Nikaondoa vyombo.

Jumatano ile Bwana Taki hakutaka kuendelea na kitabu. Alikuwa anangojea kufanyiwa operesheni ya jicho na alikuwa na hofu, akasema tuandike majina yake ya hitima kwanza, asije akasahau. Alifumba macho ili akumbuke vizuri, akaanza kuyataja kwa mwendo mmoja, kama mtu anayepanda ngazi za nyumbani kwake gizani: mama yake, baba yake, mkewe, Mohsin Kermali, kaka yake mkubwa, mwalimu wake wa chuoni. Nilichapa lile jina la nne kabla sijalisikia. Kisha nikalisikia. Nikamwambia, "Ami, rudia jina la nne." Akafumbua macho. Hakuniona vizuri, ila alinielekea, na uso wake ukabadilika taratibu mpaka nikashika ukingo wa meza. Alikuwa akimsomea Mohsin kila usiku wa Ijumaa, katikati ya mkewe na kaka yake, kwa miaka yote ile, na ulimi ulikuwa umezoea njia. Mtu aliyesomea kunusa kitanda kwenye barua ya msichana alikuwa amejitaja mwenyewe kwa dua.

"Lifute," akasema.

"Amekufa?"

"Lifute, Nasim."

"Dada yake nakaa naye. Nampikia chai asubuhi. Amekufa?"

Akaniambia. Walimchukua Alhamisi, siku moja kabla ya kuvuka, na kabla siku saba hazijapita alikuwa amekufa mikononi mwao. Bwana Taki mwenyewe aliona karatasi. Kaburi hajui, karatasi haikusema. Na dada yake alipokuja dirishani kwa mara ya kwanza, mwezi ule ule, yeye alikuwa tayari anajua, na neno lililomtoka ni "bado", na ukishasema bado leo, kesho utasemaje? Nilimuuliza kama binti wa sura ya tisa ni yeye. Alitikisa kichwa kukubali. Nilihisi hasira iliyonichoma mpaka masikioni, nikamwambia maneno ambayo sikuwahi kumwambia mtu wa umri wake, na hakunikatiza. Nilipomaliza alisema, kwa ile sauti yake ya utulivu, "Ukitaka kumwambia kwamba kaka yake kafa, utamwambia na aliyemuua. Na ukimwambia mimi, atauliza nilijuaje. Utamwambia barua. Atauliza barua ya nani. Fikiri kwanza. Nimefikiri miaka arobaini, na ndiyo maana alipouliza nikasema bado." Hilo ndilo lililonitisha kuliko yote. Alikuwa amesema kweli.

Nilikaa na jina lile siku tisa. Nililifuta kwenye kompyuta, nikalirudisha, nikalifuta. Nyumbani nilimtazama Bi Kulsum akimenya vitunguu nikawaza: huyu leo ana kaka, na mimi naweza kumnyang'anya kwa kidole kimoja. Halafu nikawaza yule kijana, na zile Fatiha za miaka arobaini ambazo hakuletewa na yeyote isipokuwa aliyemchongea. Simu ililia mara mbili wiki ile tukiwa mezani, waliopiga wote wawili walikuwa wauzaji wa mazulia, na mara zote mbili aliweka kijiko chini. Siku ya kuchapa ilipofika niliacha jina likae. Hilo silijutii, au silijutii sana. Ninachojutia mpaka leo ni kwamba sikumwambia kwanza. Nilikuwa na asubuhi nzima, nilikuwa na safari nzima ya gari kutoka Richmond Hill mpaka Vaughan, yeye akilalamika kuhusu kiyoyozi, na sikufungua kinywa. Kazi yangu niliiachia kipaza sauti. Ule ulikuwa woga, sina jina jingine la kuupa.

Wanawake tulikaa upande wetu wa pazia, chini, kwenye mashuka meupe, na sauti ya msomaji ikatujia kutoka upande wa wanaume. Alianza na akina Abbas na akina Akbar. Orodha ilikuwa mikononi mwa watu lakini Bi Kulsum hakuchukua miwani, alisikiliza tu huku akivuta tasbihi. Nilijua alfabeti vizuri siku ile kuliko siku zote za maisha yangu. Fatma, Gulamali, Hassan. Msomaji hakuwa na haraka. Kulikuwa na akina Jafar wengi, na nikaanza kuomba waongezeke. Kisha akafika M. Mehboob, Mohamed, Mohamed, Mohamed, kisha Mohsin Kermali, na msomaji akapita, akaenda kwa Murtaza. Tasbihi ikasimama. Wale wenziwe watatu wa sambusa waligeuka wote kwa pamoja kumtazama, na mmoja akaziba mdomo. Bi Kulsum hakulia wala hakuinuka. Alikaa mpaka jina la mwisho, akasoma Fatiha na wengine, midomo yake niliiona ikitembea, na sijui alikuwa akimsomea nani. Garini, mkanda umeshafungwa, ndipo aliponiuliza: "Nani kalipeleka?" Nikamwambia. Tukapita taa tatu za Bathurst. "Kesho utanipeleka," akasema.

Bwana Taki alitufungulia kabla hatujabisha mara ya pili, amevaa koti, kama mtu anayengojea kuchukuliwa. Alikuwa ameweka chai mezani na hakuna aliyeigusa. Bi Kulsum hakuvua mtandio wake wala viatu, jambo ambalo sijapata kumwona akilifanya nyumbani kwa mtu. Alimtazama, kisha akatazama vile vitabu mpaka darini, kuta tatu, na akauliza kwa utulivu, "Vyote hivi umesoma?" Akajibu ndiyo. "Na bado ukanijibu bado." Akakaa. Alimuuliza siku, akajibiwa Jumatatu. Alimuuliza kaburi, akajibiwa hajui. Alimuuliza kama aliumizwa, na Bwana Taki akasema, "Karatasi haikusema," na sote watatu tulijua kwamba huo nao ni bado mwingine. Kisha likaja swali nililolingoja. "Na wao walijuaje? Hakumwambia mtu. Hata baba hakujua."

Bwana Taki alinitazama mimi. Ningeweza kusema neno. Ningeweza kumwaga chai, kuzimia, lolote, na nilikaa. "Ilikuwa barua," akasema.

"Barua ya nani?"

Alifumba macho, kama siku ile ya majina, akaanza kusoma kutoka kichwani, neno kwa neno, mzee huyu ambaye alisahau vidonge vyake kila asubuhi. "Mama mdogo, salamu sana, sisi wazima. Mtandikie Mohsin kitanda chumba cha uani, cha mbele kina joto na yeye hapendi joto. Usimpikie pweza, anamwasha."

"Mengine atakueleza mwenyewe," akamalizia Bi Kulsum.

Nje, yule mwoka mikate wa Kichina alikuwa akiteremsha masinia, nilisikia kila sinia. Bi Kulsum alikuwa ameshika kifua chake kwa mkono mmoja, na uso wake, ambao siku zote ulikuwa na la kusema, haukuwa na chochote. Nilipiga magoti mbele yake nikamwambia samahani, Bi Kulsum, samahani, na akaniwekea mkono kichwani bila kunitazama. Alipoinuka alikuwa mzee. Alipofika mlangoni aligeuka. "Taki," akasema, bila Bwana, "kesho naweka tanga la ndugu yangu. Siku tatu. Wanawake watakaa kwangu. Kwa wanaume sina mtu. Baba kafa, mume kafa, mtoto sina. Mfiwa wa kiume utakuwa wewe." Bwana Taki akasema hawezi. "Utaweza," akasema. "Wewe ndiye uliyekuwa naye miaka yote hii. Mimi hata kumsomea nilikuwa sijaanza."

Tulikodi ule ukumbi mdogo wa chini wa jengo letu, ambapo siku moja kabla palikuwa na sherehe ya mtoto wa mtu na maputo mawili yalikuwa yamebaki darini, hatukupata ngazi ya kuyatolea. Watu walikuja wengi, wengine kutoka mbali, kumpa pole mwanamke kwa kaka aliyekufa karibu miaka arobaini iliyopita. Hakuna aliyeambiwa habari ya barua, si ya aliyeisoma wala ya aliyeiandika. Waliambiwa tu kwamba habari za kifo zimefika, na Taki wa posta amekubali kusimama badala ya ndugu. Walimsifu sana. Mimi nilikuwa nikishuka na birika za chai, na kila niliposhuka nilimkuta kwenye kiti cha mbele, kofia nyeupe, mikono juu ya magoti. Mwanaume mmoja baada ya mwingine aliinama, akamshika mkono wake kwa mikono miwili, akamwambia pole, Bwana Taki, Mungu akupe subira. Na mfiwa akipewa pole ana jibu moja tu. Akalitoa. Nimeshapoa. Nimeshapoa. Siku ya kwanza alilisema kwa sauti, siku ya pili nilisoma midomo tu.

Siku ya tatu, watu walipokwisha, nilimpelekea chai akanishika kanzu. "Mwambie nimemaliza," akasema. "Siku tatu alizosema nimekaa. Mwambie, Nasim, siwezi tena kushikwa mkono na watu wale." Nikapanda lifti. Bi Kulsum alikuwa amekaa sebuleni peke yake, mashuka bado yametandikwa, anakusanya mbegu za tende kwenye sahani. Nilimwambia yote kama nilivyotumwa. Aliendelea kukusanya mpaka mbegu ya mwisho.

"Mwambie tuna siku ya saba," akasema. "Na baada ya ya saba kuna arobaini, na katikati kuna kila Alhamisi. Mwambie namngojea."

Nikashuka nikamwambia. Akaja zote.